Majibu Yasiyo na Jalada

Mwenye steshenari alikuwa na sheria moja kuhusu karatasi: jalada halichapwi. Mtu akileta kitabu kutoa kopi, tulianzia pale maneno yanapoanzia. Ukurasa wa jina, ukurasa wa mchapishaji, kurasa tupu, zote tuliziruka, kwa sababu wino wa Kilindoni huja kwa boti, na ukiisha unaweza kukaa wiki nzima ukiwaambia watu "njoo kesho". Majalada yaliyochakaa, kama mteja hakuyataka, yaliingia kwenye boksi chini ya kaunta, na boksi likijaa nililipeleka kwa mama wa vitumbua aliyekaa ng'ambo ya barabara. Nimewahi kula kitumbua kilichofungwa kwa jalada la katiba ya kikundi cha wakulima wa mwani.

Nilifika Kilindoni, mji wa kisiwa cha Mafia, kupakua saruji gatini. Nikabaki kwa sababu siku moja niliingia steshenari kununua vocha, nikakuta printa imeng'ang'ania karatasi na foleni ya watu imefika mlangoni, nikaomba ruhusa nikaifungua kwa kisu cha mfukoni. Siwezi kukiona kitu kimefungwa nisitake kujua ndani kuna nini. Tabia hiyo imenipeleka sehemu nyingi na imenifukuzisha nyingine. Mwenye duka alikuwa mama wa Njombe, aliyeletwa kisiwani na kazi ya mumewe, muuguzi wa hospitali. Mumewe alifariki, yeye akabaki. Alinipa chumba cha nyuma chenye maboksi ya karatasi, akaniita "baba" kama anavyomwita kila kijana, na mimi nikamwita mama.

Shule niliishia kidato cha pili, kwetu Lindi. Matokeo yalibandikwa kwenye mlango wa ofisi ya mwalimu mkuu. Niliyasoma mara mbili upande wa waliopita, jina langu halikuwamo, kisha badala ya kwenda nyumbani nikaenda stendi. Nilidhani nitakaa Mtwara mpaka mama yangu apoe hasira. Ikapita wiki, ukapita mwezi, na kila nilipofikiria kurudi niliona sasa nitalazimika kueleza na hiyo wiki, na huo mwezi. Baadaye ikawa miaka. Wakati wa mambo ninayoyasimulia hapa, mama yangu alikuwa hajui niko kisiwa gani, wala kama ni kisiwa.

Ndiyo maana binti wa mwenye duka aliponiambia aliyoniambia, niliogopa kuliko yeye.

Alikuwa mtoto wa pekee wa mama yule, rika langu, anasoma stashahada ya kompyuta chuo kimoja Dar es Salaam. Alirudi likizo akiwa na bahasha na uso mzito. Nilimkuta nyuma ya duka anachambua dagaa kwa hasira.

"Una sapu?" nikamwuliza. Nilishajua kwamba sapu ni mtihani wa marudio.

"Moja. Mitandao ya kompyuta. Na ni mara ya pili kwa somo hilohilo. Nikiikosa hii nimedisko."

"Kudisko ndiyo nini?"

"Unacheza muziki njia nzima mpaka nyumbani." Akatupa kichwa cha dagaa. "Kufukuzwa chuo, kaka yangu. Tena mimi nikidisko huku sirudi. Nimwangalie mama usoni, halafu Jumapili niiangalie na kwaya nzima? Nitakwenda huko nitakakokwenda."

Alisema hayo kwa sauti ya mtu anayetaja bei ya sabuni. Mimi nilisimama pale na jagi la maji mkononi, nikaiona stendi ya Lindi.

Mitandao nilikuwa naijua kidogo, kwa njia za panya. Dukani tulikuwa na kompyuta tatu na printa moja, na nilikuwa nimeziunganisha kwa waya mwenyewe, nikikosea na kurudia. Katika kutafuta-tafuta nilikuwa nimegundua jambo lililonishangaza: kuna watu duniani wanaosoma vitabu vikubwa vya mitandao, wanafanya mazoezi yote ya mwisho wa sura, kisha wanayapanga majibu yao kwenye ghala la mtandaoni ambalo mtu yeyote anaweza kulifungua na kuchukua. Hawakujui, hawakudai. Folda ya sura ya kwanza, folda ya sura ya pili, mpaka mwisho.

Nilipomwonyesha, aliinama karibu na kioo. "Hiki ndicho kitabu chetu. Chuoni kinafungiwa kabatini, ukikipata unapewa saa moja." Akachomoa kitini chake. Mhadhiri alikuwa ametaja namba tu: sura ya kwanza, swali la nne, la tisa, la kumi na mbili, sura ya pili, hivi na hivi. Sapu ingetoka humo. Kitini chenyewe kilikuwa kimechanika, kwa hiyo nilikitolea kopi safi, nikaanzia pale namba zinapoanzia, na jalada lake likaingia boksini. Halafu nikapakua ghala lote kwa bando la duka, nikalichapa pia, kuanzia sura ya kwanza.

Tukawa na namba za maswali na tukawa na majibu. Maswali yenyewe hatukuwa nayo.

Jibu la kwanza tulilosoma pamoja lilisema hivi, kwa Kiswahili changu: "La. Mpokeaji hawezi kujua kama kipande hiki ni kipya au ni kilekile cha zamani kilichotumwa tena. Kwa hiyo kila kipande kiwe na namba yake."

"Sasa huyu kaulizwa nini?" akasema.

"Tumtafutie swali."

Nilifikiri kidogo. Wiki ile nilikuwa nimekwenda Utende kutengeneza printa ya hoteli moja, nikawa nimekaa ufukweni kutazama watu wanavyovushwa kwenda kisiwa cha Chole. "Una shangazi Chole," nikamwambia. "Anamtuma mtu wa mashua kwako Utende: niletee chumvi. Unapeleka. Mashua inachelewa. Shangazi anadhani ujumbe umepotea, anamtuma mtu mwingine: niletee chumvi. Unapeleka kilo moja au mbili?"

"Inategemea ana wageni wangapi."

"Hujui. Ndiyo jibu lenyewe, hujui. Angesema hii ni chumvi ya kwanza, hii ni chumvi ya pili, ungejua."

Alitia kalamu mdomoni. "Mhadhiri ametumia wiki mbili na michoro," akasema, "na shangazi wa Chole kamaliza kwa chumvi." Akaandika swali pembeni mwa jibu.

Hivyo ndivyo tulivyosoma. Tulichukua jibu, tukalitafutia swali ambalo lingelizaa. Mengine aliyatunga yeye. Kulikuwa na jibu la hesabu lililoishia "kwa hiyo ni bora kumpa mtu mkononi", akalitungia mgeni wa Utende aliyempiga papa potwe video ndefu na anataka ifike Dar: aitume kwa mtandao wetu wa kusuasua, au ampe flashi abiria wa boti ya Nyamisati? Tulipiga hesabu, boti ikashinda. Akacheka mpaka mama akauliza kulikoni.

Kucheka kulikuwapo, lakini hofu ilikuwa imekaa nasi mezani kama mtu wa tatu. Kwanza hatukuwa na uhakika kama tunachofanya ni kusoma au ni wizi. Sheria za chuo, alizokuwa amezihifadhi kwenye simu, zilisema anayenakili kazi ya mwingine anafukuzwa, hazikusema lolote kuhusu anayejifunzia kazi ya mwingine. Mwalimu mmoja wa sekondari alipenda kukaa kompyuta ya pili kuandika barua zake, na kila alipojinyoosha kwenye kiti, binti alifunika karatasi kwa kanga. Gari la hifadhi ya bahari lilipokuwa likisimama nje, watumishi wakishusha matangazo ya nyavu zilizokatazwa ili tuyawekee laminesheni, nilisukuma majibu chini ya kaunta, kana kwamba wamekuja kutushika sisi kwa kuvua majibu kwa kokoro.

Hofu kubwa zaidi ilikuja jioni, wakati wa kufunga duka. Mama alisubiri binti yake aende kuoga, kisha akaniuliza, kila siku, huku akifuta kaunta ambayo ilishafutwa: "Atafaulu?"

"Inshallah, mama."

"Mungu niachie mimi. Wewe nakuuliza unachokiona."

"Anajitahidi."

"Hata baba yake alijitahidi kupona," akasema, akakunja kitambaa.

Kuna siku binti alikuja kaunta kama mteja, mama akiwa sokoni. Aliweka mbele yangu cheti cha kuzaliwa, cheti cha kidato cha nne na picha ya marehemu baba yake. "Niwekee laminesheni. Visilowe njiani."

Nilivitazama. Mtu anayekwenda kufanya mtihani na kurudi hachukui cheti cha kuzaliwa. Mimi sikuchukua chochote siku nilipoondoka, nikaja kujuta, kwa sababu mtu asiye na cheti kila anapokwenda anaanza upya kuzaliwa. Yeye alikuwa amefikiri mbele. Nilipitisha vyeti kwenye mashine kimoja kimoja, plastiki ikanuka, nikampa vikiwa bado vya moto.

"Usiseme kwa mama," akasema.

"Sijaulizwa."

"Ukiulizwa."

Mama sikumwambia. Lakini tangu siku hiyo nilipokuwa nikimwuliza maswali ya shangazi wa Chole, nilikuwa namsikiliza kama mgonjwa anavyosikilizwa kifua.

Siku moja kabla ya safari, umeme ulikatika kisiwa kizima baada ya swala ya adhuhuri. Safari yenyewe ilipangwa ifike Dar jioni, mtihani uwe asubuhi yake. Mnara wa simu uliendelea kwa muda, kama unavyofanya siku zote kabla ya kuzima. Katika muda huo mwenzake wa darasani, aliyekuwa na sapu hiyohiyo, akamtumia picha ya ukurasa wa kitabu. Alikuwa amekipata kabatini kwa saa yake moja, akapiga picha swali lililokuwa likimsumbua. Sura ya nne, swali la kumi na moja. "Hili wewe umelielewa?" aliandika.

Binti alinijia na simu. "La kumi na moja sura ya nne, sisi tunalo linasemaje?"

Nililitoa. Jibu letu lilizungumzia pakiti, yaani vile vipande vya ujumbe, zinazofika kwenye ruta, kifaa cha kuzielekeza njia, wakati foleni imejaa, ipi itupwe. Tulikuwa tumelitungia swali zuri, la watu wa gatini na boti isiyo na nafasi. Kwenye picha palikuwa na mchoro wa ruta tatu na agizo la kugawa anwani katika mafungu.

"Labda amepiga picha sura nyingine," nikasema.

"Namba ya sura hiyo hapo juu. Soma mwenyewe."

Nikasoma. Laptopu ya duka ilikuwa na chaji kidogo. Niliifungua nikaingia kwenye ile folda tuliyoipakua. Juu kabisa, kabla ya sura ya kwanza, kulikuwa na faili fupi ambalo mwenye ghala alikuwa ameliita "nisome". Hatukuwahi kulifungua wala kulichapa. Lilikuwa ndilo jalada. Lilikuwa na mistari michache ya Kiingereza: majibu haya ni ya toleo la sita, katika toleo la saba maswali mengi yamehamishwa na kupewa namba nyingine, angalieni.

"Kitini chako ni cha toleo gani?"

"Kwenye jalada palikuwa na..." Sote wawili tukatazama ng'ambo ya barabara, ambako mama wa vitumbua alikuwa anapepea mkaa.

Nilivuka. Sijui nilitegemea nini. "Shikamoo mama."

"Marahaba. Vimeisha, baba, subiri vya saa kumi."

"Natafuta karatasi. Moja ya zile nilizoleta."

Aliacha kupepea. "Siku zote unaniletea, leo unanidai?" Hata hivyo akanisogezea kikapu. Nilipekua majalada ya daftari, tangazo la mkutano, nusu ya kalenda. Halikuwamo. "Kama lilikuwa na jambo la maana," akasema, "basi kuna mtu amelila."

Niliporudi, binti alikuwa amekaa sakafuni ameegemea maboksi. "Saba," akasema. "Nimekumbuka. Palikuwa na saba kubwa nyekundu."

Nilichukua simu yake nijaribu kupakua folda ya toleo la saba. Mnara ulikuwa umeshazima. Nilizunguka nayo uani, nikapanda juu ya tangi la maji, nikaiinua kama mtu anayeomba mvua. Hakuna. Nilipokuwa kule juu nilimwona mama anatoka sokoni na kikapu, anakuja taratibu, anasalimiana na watu, na nikaona kwamba sina mahali pa kuuweka uso wangu.

"Ukimwambia mama," binti akasema niliposhuka, "naondoka leo hii, kwa miguu juu ya maji."

"Kwa hiyo tufanye nini?"

Alijifunga kanga vizuri kiunoni. Kisha akainuka, akachukua rundo lote la majibu yetu, akaliweka kwenye kile kisu kikubwa cha mkono tunachokatia karatasi, akalisogeza mpaka ukingo wenye namba za maswali ukatokeza nje, akashusha mpini. Namba zikaanguka sakafuni kama utepe. Akachukua fungu la pili, la tatu. Alipomaliza akachanganya karatasi kama karata.

"Niulize," akasema. "Usitaje sura, usitaje namba. Soma swali letu tu, lile la kutunga."

Nilimwuliza mpaka adhana ya alasiri, na baada ya hapo tena, mama akiwa mbele anahudumia wateja wachache waliotaka vitu visivyohitaji umeme. Chumvi ya shangazi alijibu. Boti isiyo na nafasi alijibu. Mengine alikwama, mengine alijibu tofauti na karatasi, akaniuliza: "Nimekosea au yeye ndiye kakosea?" Hapo ndipo hofu ilinishika kwelikweli, kwa sababu sikujua. Huyu mwenye ghala tulikuwa hatujamwona wala hatumjui. Mimi nilimtegemea yeye, binti alinitegemea mimi, na mama, kule mbele, alikuwa anamtegemea binti, na huko mwanzo kabisa, mahali tulipojishikiza sote, palikuwa na mtu ambaye labda alikuwa na sapu yake mwenyewe.

Asubuhi tulimsindikiza gatini. Maji yalikuwa yamejaa na boti inapakia magunia ya nazi. Mama alimfunga binti yake kitenge mabegani kama mtoto, akamwambia, "Ukitoka tu kwenye chumba cha mtihani, nipigie. Hata kama umevuruga. Hasa kama umevuruga." Binti akasema ndiyo mama, bila kumtazama. Begi lilikuwa kubwa kuliko safari.

Aliponifikia mimi alisema tu, "Nisalimie shangazi wa Chole."

Siku ya mtihani umeme ulikuwa umerudi na mnara pia. Muda wa mtihani ulipokwisha nilimtumia ujumbe. Haukujibiwa. Katika sura ya tatu kulikuwa na jibu nililolipenda, lililosema mtumaji asingoje milele wala asikate tamaa upesi. Apime majibu ya nyuma yalichukua muda gani, aongeze kidogo, ndipo atume tena. Majibu ya binti kwa kawaida yalichukua muda wa mtu kumaliza kikombe cha chai. Nikamaliza chai. Nikatuma tena. Nikapiga, simu ikasema haipatikani.

Mama aliniona ninavyopiga. Aliwatolea watu kopi, akarudisha chenji, akafunga mlango mmoja wa duka halafu akaufungua tena. Kisha akaja akasimama mbele yangu.

"Amechukua cheti chake cha kuzaliwa," akasema. "Nimefungua kabati asubuhi hii. Ulijua?"

"Nilijua, mama."

Nilingoja anifukuze. Alivuta stuli akakaa, na mara akaonekana mdogo. "Wewe uliondokaje kwenu? Sijawahi kukuuliza."

Nikamweleza. Mlango wa ofisi ya mwalimu mkuu, stendi, Mtwara. Alisikiliza akitazama barabara.

"Na siku ile," akauliza, "ungepata mtu wa kukwambia neno, angekwambia nini ndipo ungerudi?"

Nina hakika aliuliza kwa sababu alitaka kulichukua neno hilo amtumie mwanawe. Sikuwa nalo. Tukakaa hivyo, simu kati yetu juu ya kaunta, mteja mmoja akaja kutaka bahasha, akatuona, akasema atarudi.

Simu iliita alasiri, kwa namba tusiyoijua. Mama aliinyakua. Nilisikia sauti ya binti, nyembamba: simu yake ilikuwa imezimika chaji, ameazima kwa mtu, ametoka, hajui, maswali yalikuwa mageni lakini si mageni sana. Mama akauliza jambo moja tu: "Uko wapi?" Akajibiwa. "Na kesho utakuwa wapi?" Mama aliikaza simu sikioni. Kisha nikasikia, "Nitapanda boti, mama. Nitangojea matokeo hapo nyumbani."

Sijui ni nini kilichomgeuza. Sikuwahi kumwuliza, naye hakuwahi kusema.

Matokeo yalipotoka alikuwa kwenye stuli ileile. Alifaulu, kwa alama ya chini kabisa inayoruhusiwa. Alinieleza ilivyokuwa, bila furaha nyingi. Mhadhiri alikuwa ameyachukua maswali yaleyale ya toleo la saba, akabadilisha tarakimu na kugeuza michoro. Binti hakuwa na jibu lolote la namba zile kichwani, kwa hiyo alikaa na kila swali akijiuliza ni chumvi ya nani hii, akakokotoa alivyoweza, na mawili akakosa kabisa. Mwenzake aliyemtumia picha alikuwa na ghala la toleo sahihi tangu mwanzo. Alikuwa amekariri vizuri. Aliandika majibu yote kama yalivyo, kwa tarakimu za kitabuni. Amedisko.

Watu husema tulikuwa na bahati. Mimi jambo hilo lilinitisha zaidi ya ile siku ya tangi la maji. Kama ningechapa lile faili la mbele, tungelijua toleo, tungepakua namba sahihi, na ninajua tungefanya nini nazo kwa hofu tuliyokuwa nayo. Tungekariri. Hata leo nachapa jalada la kila kitu, mama alishachoka kulalamikia wino, lakini sichapi kwa moyo mweupe.

Siku chache baadaye simu ya duka iliita tena. Nilipokea mimi. Alikuwa mwanamke wa bara, anaongea kwa heshima na haraka, kama mtu aliyekwisha kupiga namba nyingi siku hiyo. Alisema binti yake alikuwa rafiki wa binti wa hapo, wamesoma darasa moja, matokeo yametoka, na mtoto hajafika nyumbani wala simu haipatikani. "Labda amekuja huko kwenu kisiwani kupumzika kidogo?"

"Hajafika huku, mama," nikasema.

"Akifika mwambieni hakuna aliyekasirika. Mtamwambia hivyo?"

"Tutamwambia."

"Mwambieni hata asiponieleza kitu, sitamwuliza. Aje tu ale."

Alirudia mara kadhaa, hakuna aliyekasirika, mpaka vocha ikamwishia na simu ikakatika katikati ya neno. Binti alikuwa amesimama mlangoni, amesikia. Alichukua simu yake akaanza kumpigia mwenzake, akakata, akapiga, akakata. Mama alisimamisha mashine ya kopi. Hakunitazama, jambo ambalo lilikuwa gumu kuliko kama angenitazama.

Niliingia chumba cha nyuma, nikakaa juu ya boksi la karatasi. Namba ya jirani yetu wa Lindi nilikuwa naijua kwa kichwa miaka yote ile, ndiyo namba pekee niliyowahi kuikariri. Sikuwa na uhakika kama bado inatumika, wala kama aliye upande wa pili yu hai. Nilikosea nikaanza upya. Ikaita, ikapokelewa, nikamtaja mama yangu. Nikasikia kuku, na mtoto analia mbali, na mwanaume anasema subiri, subiri, ngoja nimpelekee uani. Nikasikia miguu yake inavyokwenda. Kisha mtu mwingine akaishika simu na kuiweka sikioni vibaya, ikakwaruza.

"Nani mwenzangu?" akauliza mama yangu.